Samahani za Bi Ruthu

Mwezi uliopita, kwenye foleni ya posta hapa Voi, nilimkanyaga mguu binti mmoja wa Kizungu. Nilimkanyaga mimi, tena kwa kisigino, na siku hizi mimi si mtu mwepesi. Yeye ndiye aliyegeuka akaniambia, “Samahani sana, mama.” Vijana waliokuwa nyuma yetu wakaangua kicheko, wakadhani mtoto wa watu Kiswahili kimemshinda. Mimi nilimshika mkono nikamwuliza kama ametoka Kanada. Akapigwa na butwaa, maana hapa mjini kila mtu humwita Mwingereza, na wakimwona mchangamfu zaidi humpandisha cheo akawa Mmarekani. Akaniuliza nimejuaje. Nikamwambia nimejua kwa huo mguu wake, uliokanyagwa ukaomba radhi. Alikuwa mwalimu wa sekondari, mmoja wa hawa vijana wanaokuja kufundisha kwa muda kisha wakarudi kwao na vikapu vya mkonge na leso za kuwapa mama zao. Alinifuata hadi nyumbani tukanywa chai, akaniomba radhi kwa kukaa, kwa kumaliza mahamri, na hata kwa mvua iliyomkuta kwangu. Alipoondoka nilibaki na kikombe mkononi, maana mimi nilishawahi kuiona samahani ya namna ile ikikaribia kuua mtoto.

Ulikuwa mwaka uliofuata vita vya Wajerumani na Waingereza. Reli ya vita ilikuwa bado mpya kuelekea Maktau, na yale mafua makubwa yalikuwa yameshapita nyumba kwa nyumba na kuchukua waliowachukua. Mimi nilikuwa msichana mkubwa, nimeshaposwa, nangoja mchumba arudi kutoka Mombasa, na katika kungoja huko nikapata kazi ambayo binti wa Kiislamu wa rika langu hakuitarajia. Nilikuwa mkalimani wa mke wa mhandisi wa reli, watu wa Kanada. Kidawida nilikuwa nimekipata kwa kucheza na watoto wa Mbololo waliofuatana na mama zao sokoni, na Kiingereza nilikiokota kwa jirani yetu Mgoa, karani wa stesheni, ambaye hakuwa na mtu wa kuzungumza naye. Nyumba ya Wakanada wale ilikuwa ya mabati, imeinuliwa juu ya nguzo, sakafu yake ya mbao ikigutuka kila treni lilipopita. Kila asubuhi Bi Ruthu, ambaye kwao alikuwa muuguzi, alikaa barazani na sanduku lake la dawa, akawatazama akina mama na watoto wao, nami nikisimama ubavuni pake kuyapokea maneno na kuyapeleka. Siku ya kwanza nilimwita memsabu. Akatikisa kichwa kwa nguvu. “Niite Ruthu tu. Kwetu hakuna memsabu.” Nikaona aibu kumwita mtu mzima jina tupu, tukapatana kwenye Bi Ruthu.

Alipenda kunieleza kwao, hasa tukiwa mezani. Kwao mtu hapimwi kwa baba yake, alisema. Jirani akitaka kujenga ghala la nafaka watu wote wanakuja na nyundo zao, Mskoti, Mjerumani, Mukraini asiyejua hata salamu ya Kiingereza, na jua likizama ghala limesimama. Nikamwambia hiyo si ajabu, hiyo ni msaragambo. Akalipenda neno lile, akalirudia wiki nzima. Akaniambia pia wanawake wa kwao wamepata kura, na kabla ya kura walikuwa wameshafunga vilabu vya pombe, na yeye mwenyewe, akiwa msichana, alikula kiapo kanisani mbele ya mama yake kwamba pombe haitagusa midomo yake. Hapo nilimwona kama ndugu yangu. Alinilazimisha nile nao meza moja, maharagwe yake yaliyopikwa kwa sukari guru, ambayo kwetu ni chakula cha futari, na mkate mzito uliohitaji meno. Nikazoea. Kisha siku moja wakaja wageni kutoka shamba la mkonge, Waingereza wa kweli, akanijia jikoni uso umemwiva. “Samahani sana, Saumu. Leo, kwa leo tu…” Sahani ilikuwa ile ile na maharagwe yale yale, ila nilikula nimesimama.

Katika nyumba ile ndipo nilipogundua kwamba watu wanaweza kugombana bila jirani kujua. Ukutani palikuwa na picha ya kijana wa kijeshi, Deivi, ndugu yake Bi Ruthu, aliyefia Ufaransa. Mumewe, Bwana Jon, mama yake alikuwa Mfaransa wa huko huko Kanada, na kumbe nchi ile ina watu wa aina mbili, wa Kiingereza na wa Kifaransa, wanaokaa nyumba moja wamepeana migongo. Jioni moja nilikuwa nikifuta vyombo jikoni, mlango uko wazi. “Binamu zako wote wako hai,” nilimsikia Bi Ruthu akisema, kwa sauti ile ile aliyotumia kuomba chumvi. Bwana Jon akajibu kwamba ndiyo, wako hai, walijificha msituni sheria ya kuwapeleka vitani kwa nguvu ilipotoka, kwa sababu havikuwa vita vyao. “Na Deivi, vilikuwa vyake?” Kisha Bwana Jon akasema, “Samahani.” Bi Ruthu akasema, “Hapana, samahani mimi.” Nikasikia visu vinakata mkate. Kwetu mtaani, maneno mazito kama yale yangeshakusanya majirani, vikombe vingeshavunjika, na kesho yake wangepikiana. Hawa waliyameza, wakanywa maji juu yake, wakaenda kulala. Nilitembea kurudi nyumbani nikiwa na hofu ambayo sikuweza kuieleza, nikitamani angalau sahani moja ingerushwa.

Tena kuna jambo alilonisimulia tukichambua mchele, bila mimi kumwuliza. Alipokuwa mtoto, karibu na mji wao palikuwa na shule ya bweni ya watoto wa wenyeji, wale waliokuwako kabla ya Wazungu kufika. Walichukuliwa kwa mama zao, wakanyolewa nywele, wakakatazwa lugha zao. Aliwaona wakipita kwa mstari kwenda kanisani, na mmoja, msichana wa umri wake, alimtazama usoni. Nikamwuliza walipewa neno gani la pole. Akafikiri sana, mkono umesimama kwenye ungo, akasema hakumbuki mtu yeyote wa mji wao aliyewahi kuwaambia chochote. Sasa nimekuwa mzee na nimekaa na jambo hili muda mrefu, na bado linanikera. Watu wanaoomba radhi kwa kidole cha mguu, kwa mlango, kwa mvua, na kwa hilo walinyamaza. Lakini siku ile niliendelea kutoa chuya tu.

Katika genge la vibarua wa Bwana Jon palikuwa na Mdawida mmoja, Mwakio, niliyemjua tangu utotoni. Alikuwa amewaleta mkewe Wakesho na watoto wao wawili kutoka Mbololo, wakakaa kwenye vibanda vya wafanyakazi nyuma ya stesheni. Mdogo, wa kiume, alishikwa na homa. Walipomleta barazani kwetu alikuwa ameshaanza kukakamaa na macho yamepinduka. Bi Ruthu alifanya yote aliyoyajua, akamkanda kwa maji, akamtia dawa kwa kijiko, na mtoto akakata roho mapajani pake huku Wakesho ameshika kisigino chake kidogo. Hapo Bi Ruthu, machozi yanamtiririka, akapiga magoti mbele ya Wakesho akasema kwa Kiswahili, mwenyewe, bila mkalimani: “Nimekosa. Nisamehe, mama. Nimekosa.”

Kwa lugha yao, pole na samahani na nimekosa ni neno moja. Kitabu chake cha sarufi kilimpa hayo matatu, naye, kwa kutaka heshima kubwa kabisa kwa mama aliyefiwa, akachagua lililo zito kuliko yote. Nikaruka. “Anasema pole, Mwakio! Anamaanisha pole!” Mwakio alikuwa amesimama kwenye ngazi, bado ana vumbi la kazi. “Kiswahili nasikia, Saumu,” alisema. “Amesema amekosa. Mtu hawezi sema amekosa kama hajakosa. Alimpa mtoto yangu nini?” Bi Ruthu, kwa kuona tu uso wa baba yule, akalirudia neno lake. “Nimekosa, Mwakio.” Wakamfunika mtoto, wakamchukua na binti yao Mshai, wakapanda Mbololo kumzika.

Siku chache baadaye muuza viazi vitamu alituletea habari kwamba Mshai naye anaungua kwa homa ile ile, na kwamba bibi yake ameapa mtoto hatatolewa nje ya nyumba kwenda kwa Mzungu aliyekiri. Bi Ruthu alitia kwinini mkobani hata kabla sijamaliza kutafsiri. Bwana Jon alikuwa Maktau. Nilipita kwetu kuchukua buibui, mama akanikataza, akasimama mlangoni kabisa, akaniambia nikienda nisirudi. Nikapita chini ya mkono wake. Sikuwa shujaa. Nilijua tu kwamba akienda peke yake atafika pale asubuhi ile ile atasema tena nimekosa, na mtoto atakufa, na pengine si mtoto peke yake. Njia nzima ya kupanda nilimfundisha. “Sema pole. Pole peke yake. Neno jingine lolote usiliseme.” Naye njia nzima akasema, “Pole, pole, samahani, nimesahau, pole.”

Nyumba yao ilikuwa mteremkoni, migomba pande zote, na Mwakio alikuwa uani akikata miwa. Alipotuona hakwenda kwa Bi Ruthu. Alinijia mimi. Ncha ya panga ikaniegemea kifuani, juu ya buibui, na nikaona utomvu wa muwa bado umeng’ang’ania chumani. “Mdomo wake ni wewe,” alisema. “Ukimfungulia huo mdomo hapa, nitajua cha kufanya na wewe.” Nyuma yangu Bi Ruthu akaanza: “Samahani, Mwakio, samahani, samahani…” Na kwa kila samahani nililisikia panga linaongezeka uzito. Ndipo nilipomwambia mwajiri wangu, kwa Kiingereza changu cha karani, afunge mdomo.

Ndani ya nyumba mtoto alilia, kilio chembamba kisicho na nguvu. Mlango ukafunguka, akatoka Mkambe, mama yake Mwakio, mwanamke mfupi mwenye shanga nyingi shingoni na macho yasiyotulia. Hakumwambia mwanawe ashushe panga. Alinitazama akasema kwa Kidawida, “Huyo amekiri. Lakini hasira iliyomkosesha bado ameificha moyoni, na hasira ndiyo inayounguza watoto. Wa kwanza imemla, sasa inamla huyu. Aitoe, ama aende zake.” Nilijua anachotaka. Wadawida wana desturi ya kutasa: mwenye kinyongo hukisema waziwazi, kisha hutia kinywaji kinywani akakitema kwa kukipulizia nje, na kinyongo kikaenda nacho. Mkambe akaleta kibuyu. Bi Ruthu akanusa, akarudi nyuma. Ilikuwa pombe ya miwa.

“Siwezi,” aliniambia. “Niliapa kwa mama yangu.” Nikatafsiri. Mwakio akacheka kicheko kibaya. “Unaona? Anakataa kuitoa.” Nikawaeleza kwamba kwao ni kiapo, kwamba hata mimi Mwislamu nisingeigusa, nikisema haraka haraka, jasho linanichuruzika chini ya buibui. Mkambe akaimwaga pombe chini bila kusita, akachota maji mtungini. “Nani ameomba pombe? Maji yanatosha. Haimezwi, inatemwa. Mimi nataka neno.”

Bi Ruthu akakipokea kibuyu kwa mikono miwili, kwa adabu zote za mezani. Akasema, nami nikatafsiri: “Sina hasira na mtu yeyote.” Akatia funda dogo kinywani, akageukia pembeni ili asimchafue mtu, akalitema taratibu kwenye majani, kisha akajifuta midomo kwa leso. Mkambe hakungoja hata nimalize. “Anadanganya,” alisema. Nikamwambia Bi Ruthu. Uso ukamwiva vile vile kama siku ya wageni. “Mwambie kwetu si heshima kumwonyesha mtu hasira. Hasa mtu aliyefiwa.” Mkambe akajibu, “Heshima akaitumie kwao. Mtoto anaungua humu ndani.” Na kweli Mshai akalia tena, safari hii kilio kikakatika katikati, kikatuacha wote tunasikiliza.

Sijui ni kile kilio, sijui ni Deivi, sijui ni nini kilichokuwa kimekaa ndani ya mwanamke yule tangu kwao. Alimgeukia Mwakio, akasema kwa Kiingereza, kwa sauti ambayo nyumba ya mabati haikuwahi kuisikia. “Nina hasira na wewe! Nilikuwa barazani kila asubuhi. Ulipita na nyundo yako begani, ukanisalimia, na mwanao anaungua nyumbani! Ungemleta mapema angekuwa hai. Ukamficha, kisha ukaja nimpokee wa kufa. Sikumuua mimi. Sikukosa mimi, unasikia? Sikukosa!” Kisha akanigeukia mimi, anahema.

Panga lilikuwa bado kifuani kwangu. Ningeweza kuyapunguza makali maneno yale. Nilikuwa nimeyapunguza ya watu wengi mwaka mzima, hiyo ndiyo kazi ya mkalimani mwenye busara, na hapo nilikuwa na sababu ya chuma. Lakini Mkambe alikuwa akinitazama mdomo, na nilijua atasikia nikipunguza kama alivyosikia uongo wa mwenzangu. Nikayasema yote kwa Kidawida, pamoja na nyundo begani, pamoja na wa kufa. Nilipomaliza, aliyesema wa kwanza alikuwa Wakesho, amesimama mlangoni, sijui tangu saa ngapi. “Hata mimi nilimwambia ampeleke,” alisema. “Kila siku nilimwambia.”

Mwakio alishusha panga, akalitazama kana kwamba amepewa alishike la mtu. Akakitwaa kibuyu. “Ndugu zangu wawili walichukuliwa upagazi wa vita,” alisema. “Walitiwa kwa hospitali ya Wazungu, wazima, kuumwa tumbo tu. Hawakutoka. Mimi nilimwona huyu mama na sanduku yake, nikaona ile hospitali. Nina hasira na wao. Nina hasira na yeye kwa kuwa kama wao. Na nina hasira na mimi.” Akajaza maji mdomoni akayapuliza, yakatawanyika juu ya miwa aliyoikata, akapuliza tena. Mkambe akamwachia Bi Ruthu mlango.

Alikaa na Mshai ndani ya moshi ule mchana kutwa na usiku kucha, kwinini na vitambaa vya maji, bila kumwomba mtu radhi kwa nafasi aliyoichukua. Asubuhi ya pili yake mtoto alitokwa na jasho jingi, akalala usingizi wa kweli, na alipoamka akataka kimanga. Mkambe mwenyewe ndiye aliyeponda mihogo na maharagwe, akitukana kila kilichokuwa njiani kwake, na ndivyo nilivyojua kwamba amefurahi. Mimi nilikaa nje kwenye gogo nikilia kwa faraja, nikijifanya ni moshi. Akanijia na kibuyu cha maji.

“Na wewe?”

“Mimi sina kitu, bibi. Mimi natafsiri tu.”

“Hata wewe umeanza kusema kama huyo,” alisema, akanisukumia kibuyu.

Nikasimama. Nilifikiri sitakuwa na la kusema, na maneno yakaja kwa Kidawida, ya haraka, yakipishana. Nikasema nina hasira na Mwakio, aliyenijua mtoto mdogo na bado akaniwekea panga kifuani. Nikasema nina hasira na Bi Ruthu, aliyelitamka neno asilolijua uzito, na siku ya kulilipia aliyesimama mbele alikuwa mimi. Nikasema nilikuwa nimeogopa kufa, nilikuwa sijaolewa hata, na hakuna aliyeniuliza. Nikajaza maji mdomoni nikayapuliza mpaka pumzi ikaniisha.

Bi Ruthu alikuwa amekaa kizingitini, Mshai mapajani anakula. Akaniuliza kwa Kiingereza nimesema nini. Hapakuwa na mkalimani mwingine pale Mbololo. Nikajitafsiri mwenyewe, sikuacha neno. Uso ukamwiva, midomo ikafunguka, nikaiona ile samahani imeshafika kwenye meno. Akairudisha. Akamsogeza mtoto, akajikunja upande mmoja wa kizingiti, akanipisha nikae.